Kicheko Baada ya Mawimbi

Juma hili nimemtafakari Kankuro Kudo, mwandishi wa miswada ya filamu wa Japani ambaye pia ni mwigizaji. Alizaliwa mkoani Miyagi mwaka 1970, na mwaka 1991 akajiunga na kundi la maigizo la Otona Keikaku. Muswada wake wa filamu GO (2001) wamhusu kijana mwenye asili ya Korea anayebaguliwa katika Japani alikozaliwa.

Machi 2011 tsunami iliipiga Miyagi na mikoa jirani. Watu zaidi ya 15,000 walifariki. Mwaka 2013 Kudo, bingwa wa vichekesho, alileta tamthilia ya televisheni Amachan: msichana wa Tokyo amfuata bibi yake, mpiga mbizi wa pwani ya Iwate. Msiba ule haukufichwa, wala wenyeji hawakunyimwa kicheko.

Nami niingiapo nyumba za wafiwa hujiuliza: kicheko huwa faraja lini, na dharau lini? Labda mwigizaji, aliyezoea kuyabeba maneno ya wengine, hujua uzito wa neno kinywani mwa mwenye kulisema. Basi tukae kwanza na mfiwa. Atakapocheka yeye, nasi tucheke naye.