Kupenda bila "na"

Kwa miaka mitatu niliambia watu kwamba mimi na yeye tunapendana. Tulianza chuo pamoja hapa Eldoret. Mwaka wa tatu karo ikanishinda, nikarudi Langas kuandikia watu makala kwa simu. Yeye akaendelea na masomo. Mimi ndiye nilikuwa napiga simu. Mimi ndiye nilikuwa natuma kredo. Alikuwa ananijibu vizuri tu: "Asante, uko poa?"

Shuleni tulifundishwa mnyambuliko: penda, pendwa, pendana. Kauli ya kutendana inataka wawili. Sema "nilipendana" kisha unyamaze, mtu atakuuliza: na nani? Kiingereza kina neno moja la penzi lisilorudishwa. Sisi tunasema mapenzi ya upande mmoja, ama tunaondoa tu hiyo "na": nampenda. Basi.

Jioni moja, stejini Uganda Road, nilimuuliza kama nimemkosea. Alishangaa kweli. "Kwani tumekosana?"

Hapo ndipo nilishtuka. Hata kukosana kuna "na". Hatukuwa na hiyo pia.

Na sio eti alinidanganya. Hakuwahi kusema tunapendana. Nilikuwa nalisema mimi, kwa niaba yetu wawili.

Matatu ikajaa. Akaniambia, "Haya, tutaonana." Nikamtakia safari njema.

Sasa marafiki wakiniuliza tuliachana lini, nawarekebisha. Hatukuachana. Niliacha kumpenda. Ama tuseme bado najaribu.