Nilitoka Riyadh na Mshahara Wangu

Namshukuru Mungu kwamba ninasimulia haya kwa mdomo wangu mwenyewe, wala si watu wanaoyasimulia kwenye matanga yangu. Ninayaandika kwa sababu hapa Sultan Hamud haupiti muda mrefu kabla ya msichana kunijia kuuliza njia ya Saudia. Habari za mateso wamezisikia redioni. Wanachotaka kujua ni ajenti yupi anayesafirisha watu haraka. Siwalaumu hata kidogo, kwa maana mwanzoni mwa 2021 nami nilikuwa nauliza hivyohivyo.

Mvua ilikuwa imetunyima. Ndengu zilitoa maua zikakauka kabla ya kufunga, na kibanda changu cha chakula kando ya barabara ya Mombasa kilipoteza wateja kwa sababu ya kafyu ya korona. Karo ya watoto ilikuwa inanidai. Ajenti wa Nairobi aliniambia mshahara ni riyali 900 kwa mwezi, na kwamba tiketi na gharama nyingine ni za mwajiri. Nikatafuta pasipoti na cheti cha polisi, nikapimwa afya, nikahudhuria mafunzo ya kazi za nyumbani yanayotakiwa na serikali. Mkataba tuliutia saini siku ya safari, tukiwa foleni, karani akifunua kurasa na kutuonyesha kwa kidole mahali pa kuandika jina. Tuliambiwa nakala zetu tutazikuta uwanja wa ndege. Sikuiona nakala yoyote.

Nyumba niliyopelekwa Riyadh ilikuwa ya ghorofa tatu. Nikimaliza ya madam, napelekwa kusafisha ya mama mkwe wake. Ramadhani ndiyo iliyonimaliza: kuanzia alasiri nakunja sambusa, baada ya futari naosha sufuria, kisha wageni, kisha daku, na watoto wakiamka asubuhi wananikuta jikoni. Dawa ya kusafishia ilinichubua vidole vikawa vyekundu kama nyama mbichi, nikawa nashika kikombe kwa viganja. Simu yangu ilikuwa imefungiwa kabatini kwa madam, nikipewa Ijumaa kwa dakika chache naye akiwa amesimama palepale.

Mshahara ulikuja miezi ya kwanza, kisha ukakatika. Nilipouliza, nilijibiwa kwamba nimeshalipiwa pesa nyingi maktab, yaani ofisi ya ajenti wa huko, basi nifanye kazi. Watu walioko nyumbani hawaelewi kwa nini mtu hafungui mlango akaondoka. Kibali chako cha kukaa, iqama, kimefungwa kwa kafili wako, yaani mwajiri aliyekudhamini. Ukitoka bila ruhusa anakuripoti kuwa umetoroka, na tangu hapo wewe ndiwe mwenye makosa mbele ya polisi, hata kama ni yeye aliyekudhulumu. Machi 2021 Saudia ililegeza sheria ili wafanyakazi wengi waweze kubadilisha mwajiri. Makadama wa kazi za nyumbani, madereva wa nyumbani na watunza bustani tuliachwa nje ya mageuzi hayo.

Dereva wa nyumba ile naye aliachwa nje. Alikuwa Mhindi wa Kerala, mtu wa makamo, amekaa Ghuba tangu ujana wake. Nilimwita Bhai, naye aliniita dada, tukizungumza Kiarabu cha kuokoteza huku tukishusha mifuko ya sokoni. Siku moja aliona mikono yangu, akaniuliza kama nalipwa. Nilipomjibu, hakunipa pole. Aliniuliza mkataba wangu uko wapi.

Alinionyesha wake kwenye simu, ukurasa kwa ukurasa, Kiarabu upande mmoja na Kiingereza upande wa pili. Alikuwa pia na nambari ya ubalozi wake, karatasi za bima, na nambari ya mtu wa kwao anayejitolea kuwasindikiza wafanyakazi kwenye ofisi za kazi. Mkewe kule Kerala alikuwa na nakala ya kila kitu. Nilimtazama nikaona tofauti yetu. Bosi wetu alikuwa mmoja, sheria iliyotubana ilikuwa moja, lakini yeye alikuwa na watu nyuma yake.

Wahindi hawakupata hayo kwa bahati. Wamewahi kupelekwa mbali kwa mikataba na kufa huko, na ushahidi umelala hapa kwetu. Mji wetu unaitwa kwa jina la Sultani Hamud bin Mohammed wa Zanzibar, Mwarabu wa ukoo wa Oman aliyetawala kuanzia 1896 hadi 1902. Lakini reli iliyouzaa mji huo ililazwa na vibarua wa Kihindi. Waliletwa kama 32,000, na karibu 2,500 wakafa kabla ya kazi kwisha. Nilipomweleza Bhai habari hizo alinyamaza kidogo, akasema kwao kila ukoo una mtu aliyepotelea ng'ambo.

Leo serikali yao ina Sheria ya Uhamiaji ya 1983, inayomtaka ajenti awe amesajiliwa. Wanawake wenye elimu ndogo hawaruhusiwi kwenda kufanya kazi Ghuba kabla ya kutimiza miaka 30. Kuna bima ya lazima kwa wafanyakazi wa kawaida tangu 2003, na balozi zao zina mfuko wa kuwasaidia waliokwama tangu 2009. Januari 2014 walitia saini na Saudia makubaliano mahususi ya wafanyakazi wa nyumbani. Na Iraki ilipoivamia Kuwait mwaka 1990, waliwarudisha kwa ndege watu wao zaidi ya 170,000. Wahindi bado wanateseka Ghuba, Bhai mwenyewe alikuwa analala chumba kisicho na dirisha. Lakini mwajiri anayemdhulumu Mhindi anajua huenda akapigiwa simu.

Mwaka huohuo wa 2014 Kenya ilipiga marufuku ajenti kupeleka wafanyakazi Mashariki ya Kati, ikafungua tena 2017 kwa masharti mapya. Baadaye Wizara yetu ya Mambo ya Nje ilitaja vifo 89 vya Wakenya nchini Saudia katika 2020 na 2021, na maelezo yaliyotolewa mara nyingi ni kwamba moyo ulisimama. Nimeyasikia maelezo hayo, na siyakubali. Mioyo ya wasichana wenye afya, waliopimwa kabla ya kusafiri, haisimami hivyo bila mtu kuulizwa.

Bhai aliniachia simu yake gereji, juu ya kreti ya nyanya, akaenda kuosha gari. Nikampigia mama.

"Mwaitu," nikamwambia, "nenda Nairobi kwa yule ajenti. Usiondoke bila nakala ya mkataba wangu."

Mama yangu hajasoma. Alipanda matatu pamoja na mjomba, wakaambiwa warudi kesho. Hawakurudi. Walikaa kwenye ngazi za ile ofisi, wateja wakiwaruka kuingia na kutoka, mpaka jioni karani akawatolea karatasi. Mjomba alizipiga picha palepale zikamfikia Bhai.

Yule mtu wa Kerala wa kujitolea alizisoma. Alinieleza kwamba mshahara ukikaa miezi mitatu bila kulipwa, mfanyakazi anaweza kuhama bila idhini ya kafili, na kwamba kanuni za Saudia za 2013 zilikuwa zinanipa saa tisa za mapumziko kila siku na siku moja kila wiki. Nilikuwa sijawahi kuambiwa hata moja, si Nairobi wala Riyadh. Yeye ndiye aliyepiga simu ubalozi wa Kenya, akasoma nambari ya mkataba wangu, akapiga tena na tena mpaka afisa akaandikisha lalamiko. Maktab ikamwita kafili. Mwenye nyumba alipoona karatasi hakubishana. Alinilipa malimbikizo, akanikatia tiketi.

Nilifika nyumbani wakati wa ukame mkali. Kwa pesa zile tuliweka tangi la maji, na kibanda kimefunguliwa tena. Mikono imepona isipokuwa kidole kimoja kisichokunjika vizuri.

Saudia sasa imo miongoni mwa nchi zinazoiletea Kenya fedha nyingi zaidi kutoka kwa watu wake walioko nje. Basi nawaomba wabunge wetu wa Makueni na Kitui: daini bima ya lazima, daini maafisa wa kazi wa kutosha Riyadh na Jeddah, na daini ajenti akatazwe kumpandisha mtu ndege kabla ya familia yake kupokea mkataba. Na wewe dada uliyekwisha kupimwa afya, unayengoja viza tu, usitie saini kwenye foleni. Chukua nakala mbili, moja uende nayo, nyingine mwachie mama yako.