Mastaa Wote Walisepa, Klabu Ikabaki

Watu wa kwenye stori hii hawatajwi majina. Wanaofuatilia mpira wa mikono watawajua mapema tu, na wasiofuatilia hawatapungukiwa na kitu. Mwenye jina humu ni mmoja, klabu yenyewe: Bidasoa, ya mji wa Irún.

Irún iko juu kabisa kwenye ramani ya Hispania, kwenye nchi ya Wabaski, pale ambapo ukivuka mto tu uko Ufaransa. Mto wenyewe ndio unaitwa Bidasoa, na klabu ikachukua jina hilo hilo. Katikati ya mto kuna kisiwa kidogo ambacho Hispania na Ufaransa wanapokezana, miezi sita huyu, miezi sita yule, kama ndugu wawili wenye pikipiki moja. Hii haihusiani sana na mpira, ila ni vigumu kuipita bila kuisema. Mji wenyewe una watu kama elfu sitini. Sio Madrid, sio Barcelona. Ni mji wa mpakani, wa malori na watu wanaopita kwenda kwingine.

Kwa ambao mpira wa mikono waliuona mara ya mwisho UMISSETA: wachezaji saba kila upande, dakika sitini, mpira unarushwa golini kwa mkono, na magoli ni mengi kweli kweli. Timu ikifunga 30 hakuna anayeshtuka. Ulaya ni mchezo mkubwa, una ligi za kulipwa, una Ligi ya Mabingwa yake, na una mastaa wanaonunuliwa na kuuzwa kama huku kwenye soka.

Bidasoa ilianzishwa mwaka 1962. Mwaka 1987 ikachukua ubingwa wa Hispania, na hapo ndipo watu wakaanza kuuliza hawa ni kina nani. Jezi za njano, ukumbi mdogo unaoitwa Artaleku unaoingiza watu elfu mbili na kidogo, kelele za kutosha watu elfu kumi. Mdhamini alikuwa Elgorriaga, watengeneza chokoleti. Kwa hiyo timu ilivyokuwa inatisha Ulaya nzima, kifuani ilikuwa imeandikwa jina la chokoleti. Kuna raha fulani kwenye hilo.

Halafu mastaa wakaanza kuja.

Mwaka 1989 alikuja jamaa mmoja wa Iceland, mrefu, mgumu. Alikaa miaka miwili akaondoka. Baadaye akawa kocha, akabeba Ligi ya Mabingwa na Magdeburg mwaka 2002, akaibeba tena mara mbili na Kiel, 2010 na 2012, na mwaka 2024 akaipeleka Ujerumani mpaka fainali ya Olimpiki pale Ufaransa. Mwaka ule ule wa 1989 alikuja Mpoland mmoja fundi kweli. Alikaa Irún mpaka 1993, Barcelona wakamchukua. Huyo Mpoland mkumbuke, atarudi huko chini kwa njia ambayo hata mwandishi wa tamthilia angeona aibu kuiandika.

Mwaka 1992 akaja kipa wa Kiswidi. Mpira wa mikono ukiwa na kipa mzuri umeshamaliza nusu ya kazi, na huyu alikuwa zaidi ya mzuri. Akaongezeka na mpiga shuti mmoja kutoka iliyokuwa Yugoslavia, mtu ambaye akirusha mpira mabeki wanafumba macho. Ukichanganya hao na vijana wa kwao waliokulia pale pale mjini, unapata timu ya msimu wa 1994 kwenda 1995.

Msimu ule Bidasoa ilichukua ligi ya Hispania. Halafu ikaingia fainali ya Ligi ya Mabingwa Ulaya dhidi ya Badel Zagreb, waliokuwa mabingwa wa Ulaya miaka miwili tu nyuma yake. Fainali enzi hizo ilichezwa nyumbani na ugenini. Mechi ya Irún ikaisha 30 kwa 20. Magoli kumi! Kwenye marudiano Zagreb walikuwa kwao, mashabiki wao nyuma yao, lakini pengo lile halikuzibika. Mji wa watu elfu sitini, wenye ukumbi wa watu elfu mbili, ukawa bingwa wa Ulaya.

Sasa kilichofuata mdau wa soka anakijua hata kabla hajasimuliwa. Kiangazi kile kile cha 1995, kipa wa Kiswidi akaenda Barcelona. Kombe halijafutwa vumbi, mlinda lango ameshahama. Na kama vile hilo halitoshi, msimu uliofuata Bidasoa ikafika tena fainali ya Ulaya. Wapinzani? Barcelona. Langoni? Yule yule. Barcelona ikachukua kombe lile la 1996, ikachukua tena, na tena, mara tano mfululizo mpaka mwaka 2000, na Mswidi alikuwepo kwenye yote matano.

Mtu akitaka kumlaumu Mswidi anaweza, lakini itakuwa ni uonevu. Kazi ni kazi. Mchezaji ana miaka kumi, kumi na mitano ya kuuza mwili wake, na goti halisubiri mtu. Barcelona ilikuwa na soka nyuma yake, na soka lina hela ambazo chokoleti haiwezi kuzilipa. Ukiambiwa na bosi mpya mshahara unapanda, hutakaa Irún kwa sababu ya kelele za Artaleku. Wengi wanaopiga kelele za uaminifu wao wenyewe wangesaini kabla kalamu haijapoa.

Bidasoa haikufa siku hiyo. Mwaka 1996 ikachukua Kombe la Mfalme, mwaka 1997 ikachukua Kombe la Washindi Ulaya. Halafu yule mpiga shuti wa Yugoslavia naye akaenda Kiel, Ujerumani. Na baada ya hapo, polepole, taa zikaanza kufifia. Hela zikapungua, chokoleti ikatoka kifuani, timu ikashuka mpaka daraja la pili. Bingwa wa Ulaya akawa anacheza na timu ambazo wachezaji wake kesho yake asubuhi wana zamu kazini.

Hapa ndipo stori nyingi za klabu ndogo zinaishia. Ila angalia hesabu hii. Klabu za Hispania zilizowahi kubeba ubingwa mkubwa wa Ulaya kwa wanaume ni tano. Ya kwanza Barcelona, hiyo haina mjadala. Teka ya Santander, mabingwa wa 1994, jina la kampuni ya majiko kifuani: imekufa. Bidasoa, 1995. San Antonio ya Pamplona, mabingwa wa 2001, hela za saruji: imekufa, 2013. Ciudad Real, mabingwa wa 2006, 2008 na 2009, hela za tajiri wa ujenzi: mwaka 2011 ilihamishiwa Madrid ikavalishwa jina la Atlético, na mwaka 2013 nayo ikafa. Tano, zimekufa tatu. Iliyobaki pembeni ya Barcelona ni ile ya mji wa mpakani, ile ambayo kila mtu aliiibia mchezaji.

Wale waliokufa walikuwa na hela kuliko Bidasoa. Hiyo ndiyo sehemu inayouma. Walinunua dunia nzima, na siku mwenye hela alipokunja mkono hapakuwa na kitu chini yake. Irún, hata ikiwa daraja la pili, bado kulikuwa na watoto wa mtaani wanaorusha mpira kwenye kuta, na bado kulikuwa na wazee wenye viti vyao Artaleku ambavyo ukikaa utaambiwa unyanyuke.

Na mmoja wa watoto hao ndiye mwenye stori hii.

Alizaliwa Irún Desemba 1982. Kaka yake kipa. Kombe la 1995 lilivyokuja mjini alikuwa na miaka kumi na miwili, umri ambao jambo kama hilo halitoki kichwani. Akakua akawa mkubwa kweli, bega la kubebea gunia, wakampa nafasi ya pivoti. Pivoti kwenye mpira wa mikono ni kazi ya mateso. Unasimama katikati ya mabeki wa adui, umewapa mgongo wenzako au adui kutegemea na sekunde, unavutwa jezi, unapigwa viwiko, na katikati ya vurugu hiyo unatakiwa udake mpira kwa mkono mmoja, ugeuke, ufunge. Huyu aliifanya ionekane kama ngoma.

Na yeye aliondoka. Isisemwe kwamba ni malaika. Alienda León, halafu Ciudad Real, akahamishwa na klabu yake kwenda Madrid, na mwaka 2013 klabu ikamfia mikononi. Mwaka huo huo, Januari, alikuwa amebeba ubingwa wa dunia na Hispania kwa kuichapa Denmark 35 kwa 19 kwenye fainali. Bingwa wa dunia Januari, kiangazi hana klabu. Akapata dili Poland, mji wa Kielce.

Kocha aliyemkuta Kielce ni nani? Yule Mpoland wa Irún. Yule aliyecheza Artaleku wakati kijana ni mtoto wa shule ya msingi. Na haikuishia hapo: Mpoland akaacha ukocha, akaingia siasa, akawa mbunge wa Ulaya, na mwaka 2018 akachaguliwa meya wa Kielce. Kwa hiyo mtoto wa Irún alicheza miaka yake ya mwisho Poland kwenye mji ambao meya wake alikuwa staa wa zamani wa Bidasoa. Nani angeitunga hiyo?

Mei 2016, fainali ya Ligi ya Mabingwa, Cologne. Kielce wako nyuma 28 kwa 19 dhidi ya Veszprém ya Hungary, zimebaki dakika kama robo saa. Watu walishaanza kuaga. Kielce wakarudisha yote, ikawa 29 kwa 29, zikaongezwa dakika, bado sare, ikaenda penati. Penati ya mwisho, ile ya kuamua nani anaondoka na kombe, akapewa pivoti wa Irún. Akafunga. 39 kwa 38.

Akachukua pia Ulaya na timu ya taifa mwaka 2018, na tena Januari 2020. Huku nyuma Bidasoa nayo ilikuwa imeamka: ilipanda daraja, na msimu wa 2018 kwenda 2019 ikamaliza ya pili nyuma ya Barcelona ile ile, ikarudi Ligi ya Mabingwa.

Mwaka 2020 akarudi nyumbani. Miaka 37, bingwa wa Ulaya wa miezi michache tu. Wenye midomo walisema wanachosemaga kila siku, kwamba karudi kuzeekea kwao. Labda. Lakini mtu wa kuzeeka haendi kusimama katikati ya viwiko vya vijana wa miaka ishirini na mbili kila wiki, anafungua mgahawa. Tena karudi kwenye klabu ambayo mastaa wote waliotajwa humu bila majina waliipita kama stendi, wakapanda gari linalofuata.

Na hata mapokezi hakuyapata vizuri. Ulikuwa msimu wa corona. Kumbi za Hispania zilifungwa au zikaruhusu watu wachache wenye barakoa, wamekaa mbalimbali. Artaleku, yenye sifa ya kelele, ilikuwa kimya kiasi kwamba ungesikia viatu vinavyolia sakafuni. Jamaa akavaa jezi ya njano, akaenda kusimama kwenye mstari wa mita sita, akawapa mabeki mgongo, akanyanyua mkono kuomba mpira.