Mabogini Hutembei Utakavyo

Ukitoka Moshi mjini kuelekea kusini, ukaipita Pasua, joto huongezeka na vihamba vya migomba unaviacha nyuma. Mbele ni majaruba ya mpunga. Nyuma yako ni kilele cha Kibo, mita 5,895, iwapo umewahi. Jua likipanda, mawingu hukifunika.

Ninachokipenda Mabogini ni jinsi ardhi inavyoutawala mwili. Kingo za majaruba ni nyembamba. Mkikutana wawili, ama mmoja ateremke topeni, ama mgeuke ubavu na kupishana huku mnaamkiana. Wapandikizaji huinama wakaenda kinyumenyume, wakifuata kamba. Mpunga ukikaribia kukomaa ni zamu ya waamia ndege. Kwelea kwelea hushuka kwa makundi, na mtu mmoja katikati ya shamba lazima aonekane pande zote. Hukimbia, hupiga debe, hupaza sauti, kisha hunyamaza akasikiliza. Sijaona mchezaji wa jukwaani anayeijaza nafasi namna hiyo. Lakini siiti ngoma. Ni kibarua, na jioni mgongo unauma.

Anayepanga yote ni maji. Skimu ya Lower Moshi, iliyokamilika mwaka 1987 kwa ushirikiano na Japani, ilikusudiwa kumwagilia hekta 1,100 za mpunga kwa maji ya mito ya Njoro na Rau. Wakulima wa juu nao wanayahitaji maji hayohayo, kwa hiyo huku chini ni zamu kwa zamu: lango likifunguliwa, watu na majembe huhamia huko.

Mahali kama hapa pangemfaa mtunzi wa dansi wa mkondo wa Opiyo Okach. Mwaka 1997, jijini Nairobi, yeye, Faustin Linyekula na Afrah Tenambergen walianzisha kundi la dansi la Gàara. Baadaye Okach akabuni kazi ambazo hazitengi eneo la mchezaji na la mtazamaji. Linyekula akahamishia shughuli zake Kisangani, akazipeleka mitaani. Mtunzi wa aina hiyo haji na hatua zilizokwisha kupangwa. Husubiri mahali pamwonyeshe kinachowezekana. Mabogini pangemnyima hata duara la iringi, ngoma ya Wachaga wa mlimani, maana juu ya ukingo duara halikai. Ni mstari tu. Watazamaji nao wangesimama mstari kwenye ukingo wa pili, ng'ambo ya maji, na yangeyange katikati bila kiingilio.

Akija, aanzie ofisi ya kijiji, kisha kwa mwenye jaruba, aulize ratiba ya maji. Wiki za kupandikiza aziache kabisa. Mimi ningemchagulia siku ile, baada ya mavuno, maji yanapofunguliwa tena kwenye ardhi iliyopasuka kwa ukavu: atakayeanza kwa kuruka atamaliza akizing'oa nyayo topeni, mmoja mmoja.