Gambuti Zetu na Safari ya Baba Yao

Mvua ya masika ya mwaka 2017 ilipokuwa ikiichapa Ruiru, nyanya mmoja tuliyemwita Cucu alikuwa na biashara mbili katika kibanda chake kando ya steji. Mbele aliuza chai na mandazi. Nyuma, chini ya turubai, alitunza gambuti. Tulitoka majumbani alfajiri na gambuti miguuni, tukifika kwake tunanawa kwa maji ya ndoo, tunavaa viatu vya kazini na kumwachia gambuti zikiwa zimefungwa mbilimbili kwa kamba ya katani. Jioni tulizikuta pale pale, tope limekauka, na tope jipya linatungoja njiani. Hatua chache mbele yetu ilipita Thika Road kwa njia zake nyingi, barabara ambayo Rais Kibaki aliifungua mwaka 2012. Lami ile tuliiona na kuisikia ikinguruma usiku kucha, lakini haikutufikia mlangoni.

Nilipanga foleni ya mchujo wa chama cha Jubilee mwezi Aprili mwaka ule nikiwa na gambuti hizo hizo. Kwetu Kiambu mchujo ulikuwa ndio uchaguzi wenyewe. Aliyepata tiketi alikuwa ameshafika. Upande mmoja alikuwepo William Kabogo, gavana wa kwanza wa kaunti, aliyewahi kuwa mbunge wa Juja wakati Thika na Ruiru zilipokuwa ndani ya Juja. Upande wa pili alikuwepo Ferdinand Waititu, ambaye kila mtu alimwita Baba Yao. Nilimpigia Waititu bila kusita. Foleni nzima ilikuwa yake, na matokeo yalipotangazwa tuliimba mpaka sauti zikatukauka.

Tulikuwa tunamjua kabla hajawa wetu. Alianzia chini, enzi za kanjo, yaani baraza la jiji, akiwa diwani wa Njiru, mashariki mwa Nairobi, kisha akawa naibu meya wa jiji. Juni 2008, baada ya mbunge wa Embakasi, Mugabe Were, kuuawa kwa kupigwa risasi, uchaguzi mdogo ulimpeleka Waititu bungeni. Mwaka 2013 aliutafuta ugavana wa Nairobi, akashindwa na Evans Kidero. Wengi wangeishia hapo. Yeye alirudi Mei 2015 kupitia uchaguzi mdogo wa Kabete, uliofanyika baada ya mbunge George Muchai naye kuuawa. Miaka miwili baadaye alikuwa gavana wa kaunti yenye watu zaidi ya milioni mbili.

Tulichompendea kilikuwa wazi. Hata alipokuwa mbunge alibaki na mwendo wa diwani. Watu wakibomolewa vibanda, anafika. Picha yake ya siku za Embakasi, akirusha mawe kwenye makabiliano, ilizunguka nchi nzima. Wakubwa waliona aibu. Sisi tuliona mtu wa kwetu. Tulisema huyu anajua tope ni nini. Akiwa gavana alianzisha mpango wa Kaa Sober, na nakumbuka vijana waliokuwa wameharibiwa na pombe wakishika fagio na sepetu, wakizibua mitaro kwa malipo ya shilingi 400 kwa siku. Kuna mama niliyemwona akilia kwa furaha kwa kuwa mwanawe alikuwa ameamka akijua leo ni siku gani. Machozi yale yalikuwa ya kweli, na siwezi kuyafuta leo eti kwa sababu najua yaliyofuata.

Yaliyofuata yalikuja haraka. Julai 2019 alishtakiwa, na mahakama ikamzuia kuingia ofisini. Desemba, bunge la kaunti lilipiga kura ya kumwondoa, na tarehe 29 Januari 2020 Seneti ikaidhinisha. Naibu wake, James Nyoro, akachukua kiti. Kesi iliendelea zaidi ya miaka mitano. Tarehe 13 Februari 2025 mahakama ya Milimani ilimhukumu kulipa faini ya shilingi milioni 53.5 au kifungo cha miaka 12, kwa makosa yaliyohusu zabuni ya barabara ya shilingi milioni 588. Yeye alikana mashtaka, na baada ya hukumu alikata rufaa. Mwezi mmoja tu kabla ya hukumu hiyo, Kabogo, yule tuliyemkataa kwa nyimbo, alikuwa ameapishwa kuwa waziri.

Lililonichoma ni maelezo ya zabuni ile. Ilikuwa ya kutia lami barabara za murram katika Thika, Ruiru, Juja, Limuru na Gatundu Kaskazini. Nilisoma jina la Ruiru mara mbili. Nikakumbuka turubai la Cucu na jozi za gambuti zimepangwa kama wanafunzi kwenye gwaride.

Tangu siku hiyo nimejiuliza nilichokosea mimi, na jibu nimelipata. Kazi ya diwani ni kufika: kuona mtaro umeziba na kupiga kelele uzibuliwe. Waititu aliijua kazi hiyo. Kazi ya gavana ni nyingine. Ni kukaa juu ya mabilioni na kuhakikisha zabuni inatangazwa wazi, na kwamba mkono unaotia sahihi hauna chake ndani. Sensa ya 2019 ilihesabu watu 490,120 katika mji wa Ruiru, karibu mara mbili ya Thika. Mji wa ukubwa huo haujengwi kwa huruma peke yake. Sisi tulimpandisha ngazi kwa sifa ya ngazi ya chini, na hatukumwuliza hata swali moja kuhusu ile ya juu. Nilikuwa kwenye foleni na gambuti zangu. Nafasi ya kuuliza nilikuwa nayo, nikaitumia kuimba.

Masika ya mwaka 2025 nilipita kibandani. Cucu amezeeka, turubai limebadilika rangi, gambuti zimepungua lakini zipo. Kijana mmoja anayeutaka uwakilishi wadi mwaka 2027 alikuwa amefika na wapiga picha. Alivua viatu, akaingia topeni mpaka kwenye vifundo, akasema, "Cucu, mimi naijua shida yenu."

Cucu alimtazama miguu, kisha akampa ndoo anawe.

"Ahsante, kijana wangu. Shida tunaijua hata sisi. Niambie, ukishaingia, zabuni za hii barabara utazibandika wapi tuzisome?"

Kijana alinyamaza. Cucu akamvutia kigoda na kumwambia akae afikirie, kwani yeye hana haraka.