Bibi Elvira na kazi ya mikono yake



Sisi tunaopaka hina husikia mengi mikono ya biharusi ikisubiri kukauka. Swali moja linarudi kila msimu wa harusi: "Nikishaolewa, kazi yangu ndiyo basi tena?" Siku hizi tukiulizwa hivyo, tunamtaja bibi mmoja wa Italia, Elvira Notari.

Elvira alizaliwa Salerno mwaka 1875. Mwaka 1902 aliolewa na Nicola Notari, na wote wawili walianza Napoli kwa kutia rangi picha na filamu kwa mkono, kipande kimoja baada ya kingine. Mwenye kushika brashi au koni ya hina anaijua subira hiyo.

Baadaye wakafungua kampuni yao, wakaiita Dora Film, jina la binti yao. Elvira alitunga hadithi na kuongoza, Nicola akashika kamera, na mtoto wao Edoardo akaigiza. Ndoa haikumnyang'anya kazi. Kazi ilikulia humo humo ndani ya ndoa. Alitengeneza filamu ndefu zipatazo 60, za watu wa mitaa ya Napoli: mapenzi, wivu, umaskini, wanawake wasiokubali kunyamaza. Filamu zenyewe hazikuwa na sauti, lakini ukumbini waimbaji waliimba papo hapo. Zilifika hadi New York, kwa wahamiaji waliokuwa na hamu ya kwao.

Kisha mambo yakageuka. Serikali ya Mussolini haikupenda umaskini wa Napoli uonyeshwe, wala lahaja yake isikike. Filamu za sauti nazo zikaingia. Ilipofika 1930 kazi ikasimama. Elvira alifariki mwaka 1946, na kwa miaka mingi jina lake likasahauliwa. Katika filamu zake zote ndefu, zilizobaki ni tatu tu, zikiwemo 'A Santanotte na È piccerella za mwaka 1922.

Hapo ndipo roho inapotuuma. Hina yetu hufutika baada ya wiki mbili, na ndivyo ilivyoumbwa. Kazi ya Elvira haikuwa ya kufutika.

Basi biharusi wetu, suala la kazi yako lizungumzeni kabla ya nikaha, msingoje fungate iishe. Na unachokifanya, kiwe ushoni, mapishi au maandishi, kitie jina lako na ukihifadhi. Binti yako atakuja kukiulizia.