Wazigula waliopitia Dadaab wakitafuta kwao

Wengi wetu tukisikia jina la Garissa huwaza mambo matatu tu: jua kali, ngamia na vizuizi vya polisi. Yote hayo yapo. Lakini katika ardhi hiyo kimepita kisa cha watu waliopotezwa kwao na njaa, wakakaa ugenini zaidi ya miaka 150, na lugha ya nyumbani isiwatoke vinywani. Fuatana nami tukakitazame.

Ukitoka Nairobi alfajiri kwa basi, utapita Thika na Mwingi. Baada ya hapo miti itaanza kupungua kimo na joto litaanza kukukumbusha kuwa umeacha milima nyuma. Mwendo wa kilomita 370 hivi utakufikisha kwenye daraja la mto Tana, mahali ambapo msafiri hutakiwa kuwa na kitambulisho chake mkononi. Kando ya mto utaona miembe, migomba, nyanya na matikiti. Ng'ambo ya pili ndiko kuliko mji wenyewe na soko lake la mifugo, mojawapo ya masoko makubwa ya ng'ombe nchini. Mkulima yuko karibu na maji, mfugaji yuko nyikani, na sokoni wote wawili hukutana.

Sasa shika barabara ya kuelekea mpaka wa Somalia. Mbele kilomita 100 hivi ndipo Dadaab. Kambi ya Ifo ilifunguliwa mwaka 1991, zikafuata Dagahaley na Hagadera mwaka 1992. Zote tatu zilikusudiwa watu 90,000, lakini mwaka 2011 eneo hilo lilikuwa na wakimbizi zaidi ya 450,000. Kuingia kambini kunahitaji kibali, kwa hivyo usifunge safari hivi hivi tu.

Wengi hudhani kwamba kila mkimbizi aliyefika hapo kutoka Somalia alikuwa mfugaji. Sivyo. Miongoni mwao walikuwamo maelfu ya wakulima wenye asili ya Kibantu, na baadhi yao walizungumza Kizigula, lugha ya Handeni katika mkoa wa Tanga, Tanzania. Je, walifikaje huko?

NJAA NA MAJAHAZI

Katika miaka ya 1830, nchi ya Wazigula iliyo kati ya mto Pangani na mto Wami ilikumbwa na ukame mkubwa. Chakula kilipokwisha, watu walishuka pwani, wengine wakajiweka rehani au wakajiuza ili wapate cha kutia tumboni. Simulizi za wazee zinasema kwamba wengi walidanganywa. Waliambiwa kuna kazi ng'ambo, na baada ya kazi watarudishwa. Majahazi yakawapeleka hadi pwani ya Somalia, Barawa na miji jirani, na huko wakauzwa kuwa watumwa wa mashambani.

Usidhani, msomaji, kuwa balaa la namna hiyo lilikuwa la Afrika peke yake. Mwaka 1845 viazi vilianza kuoza mashambani kule Ireland. Katika miaka iliyofuata watu wapatao milioni moja walikufa, na wengine zaidi ya milioni moja wakahama, wengi wao wakielekea Marekani. Tofauti ni kwamba mtu wa Ireland alishuka melini akiwa maskini lakini huru, naye Mzigula alishuka jahazini akiwa mali ya mtu. Waweke akilini watu hao wa Ireland, kwani tutakutana nao tena.

MSITU WA GOSHA

Wazigula hawakukubali utumwa. Wanasimulia kuwa walitoroka kwa pamoja wakiongozwa na mwanamke aitwaye Wanakhucha, wakashika njia ya kusini kurudi Uzigula. Walipofika mto Juba wa Somalia, safari ikakomea hapo. Kandokando ya mto huo palikuwa na msitu mnene, ambao kwa Kisomali huitwa gosha. Wafugaji waliuogopa kwa sababu ya mbung'o, nzi wauao ng'ombe. Basi nzi huyo ambaye ni adui wa mfugaji akawa mlinzi wa mtoro. Wazigula walifyeka msitu, wakalima mahindi na mtama. Watoro wengine wakawafuata: Wayao, Wamakua, Wanyasa na wengineo. Wengi wa hao, vizazi vilivyofuata vikazungumza Kimaay, lugha ya majirani zao wa Kisomali. Wazigula wakashikilia chao.

Kuna jambo hapa ambalo Mkenya anapaswa kulijua. Hadi mwaka 1925, mpaka wa Kenya na Somalia ulikuwa ni mto Juba wenyewe. Mwaka huo Waingereza waliwapa Waitaliano eneo la Jubaland, na mpaka ukasogezwa hadi karibu na Liboi. Hivyo wakulima wa ukingo wa magharibi walikuwa chini ya serikali moja na watu wa Garissa, kisha wakajikuta ng'ambo ya mpaka bila kuhama hata hatua moja. Chini ya Waitaliano, wengi walishurutishwa kufanya kazi katika mashamba makubwa ya wazungu. Hata baada ya uhuru wa Somalia mwaka 1960, waliendelea kuitwa jareer, yaani wenye nywele ngumu, jina la kuwakumbusha kuwa hawahesabiwi sawa na wengine.

VITA VYAWAFIKISHA GARISSA

Januari 1991, serikali ya Siad Barre ilianguka. Wapiganaji wa kila upande walihitaji chakula, na chakula kilikuwa kwenye maghala ya wakulima wa mto Juba. Waliporwa na huyu leo, na yule kesho. Hawakuwa na bunduki, wala ukoo wenye jeshi wa kuwatetea. Walipobakia mikono mitupu, walikata nyika kwa miguu hadi mpakani, na hatimaye wakafika Dadaab.

Kambini nako dharau iliwafuata. Walikaa pembeni mwa kambi, wakazungushia makazi yao ua wa miiba kuwazuia majambazi wa usiku. Wanawake waliokwenda kuokota kuni walishambuliwa. Hata hivyo watu hao wa kazi hawakukaa bure. Walijenga, walibeba mizigo, na walipopata maji kidogo walipanda mboga.

Ndipo likaja lile swali gumu: vita vikiisha, mtarudi wapi? Wengi walisema hawataki kurudi Somalia. Tanzania iliombwa iwapokee, lakini mwaka 1994 ilifurikiwa na wakimbizi wa Rwanda. Msumbiji, asili ya babu wa baadhi yao, ilikubali kisha ikaghairi. Mwaka 1999 Marekani ilikubali kuwachukua watu wapatao 12,000. Mwaka 2002 walisafirishwa kwa mabasi kutoka Dadaab hadi kambi ya Kakuma, Turkana, kwa ajili ya mahojiano, na kuanzia mwaka 2003 wakapanda ndege kwa makundi.

Baadhi yao wanaishi leo Lewiston, katika jimbo la Maine. Huo ni mji wa viwanda vya nguo ambao mifereji yake ya maji ilichimbwa katika karne ya 19 na vibarua kutoka Ireland. Wajukuu wa njaa ya viazi na wajukuu wa njaa ya Uzigula wamekuja kukutana kwenye mji mmoja wenye theluji! Na huko huko, wakulima wa mto Juba wana mashamba yao yaitwayo Liberation Farms, wanapanda mahindi.

Wengine hawakungoja ndege. Tangu mwanzo wa vita, maelfu kadhaa walikwenda moja kwa moja Tanzania, wakapokewa Mkuyu karibu na Handeni, na baadaye wakapewa makazi na mashamba huko Chogo. Hawakuwa na hati wala picha ya babu. Walichokuwa nacho ni ulimi. Waliposema na wenyeji wa Handeni walielewana, na Tanzania ikaanza kuwapa uraia.

MKATAA KWAO MTUMWA

Wahenga walisema mkataa kwao ni mtumwa. Watu hawa walitiwa utumwani kwa nguvu, lakini kwao hawakukukataa. Leo ukoo mmoja waweza kuwa na ndugu Chogo, ndugu Lewiston, na ndugu aliyebaki Dadaab kwa sababu jina lake halikuwamo kwenye orodha. Kinachowaunganisha ni yale waliyofundishwa na mama zao jikoni na shambani.

Nasi wa mijini je? Mtoto wa Buruburu au Umoja aweza kupanda basi asubuhi na kumfikia nyanya yake kijijini kabla ya jua kutua, asiweze kumwamkia kwa lugha anayoielewa. Hakuna jahazi lililompeleka mbali, wala bunduki iliyomfukuza. Basi Jumapili hii, baada ya chakula, muulize mzee aliye nyumbani: babu zetu walitoka wapi, walihamishwa na nini, na njiani walisaidiwa na nani? Uliza kwa lugha yake, hata ukikosea. Atakurekebisha, na hapo ndipo hadithi itakapoanza.